Kuhariri filamu za makala za muziki Uganda: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Maswali haya nimeulizwa na vijana wanaonifuata baada ya mafunzo, na wapiga picha za harusi waliochoka na harusi, na mama yangu mzazi pia, ambaye mpaka leo huwaambia majirani kwamba mimi "hutengeneza kompyuta". Nahariri filamu za makala, nyingi zikihusu muziki, katika chumba kimoja huku Kansanga, Kampala. Nilipojikuta najibu swali lilelile kwa WhatsApp mara tatu ndani ya wiki moja, nikaona heri niyaandike. Yana namba ili nisirudie maneno. Ukiona "tazama swali la 9", nenda huko.

## Kazi yenyewe

1. Mhariri hufanya nini, ikiwa mwongozaji ndiye mwenye filamu?

Mwongozaji anakuja na diski. Ndani yake kuna mazoezi ya bendi kwenye gereji, tamasha moja lililopigwa na kamera nne, mahojiano kumi na mawili, kanda ya VHS ya harusi ambamo mwimbaji anaonekana kijana mwembamba akiazimwa maikrofoni, na lundo la klipu za simu zisizo na tarehe. Hati haipo. Kuna karatasi mbili walizompelekea mfadhili, na mara nyingi yaliyoandikwa humo hayakutokea kamerani.

Kazi yako ni kuyatazama yote. Nasema yote, hata yale ambayo mpiga picha alisahau kuzima kamera, maana nimepata humo mazungumzo yaliyoshinda mahojiano rasmi. Unaandika kila klipu ina nini, unapanga, unaunganisha mkato wa kwanza ambao huwa mrefu na mbaya, kisha mnakaa wawili mkibishana. Baada ya wiki nyingi za kupunguza na kurudisha, picha "inafungwa": hapo hakuna tena kusogeza fremu, yaani picha mojamoja zinazounda filamu, na filamu inakwenda kwa mchanganya sauti na mrekebisha rangi.

2. Nahariri video za nyimbo. Si kazi ileile?

Programu ni ileile. Kwenye video, wimbo umekuja umekamilika na hauguswi, picha inautumikia. Kwenye makala, wimbo nao ni ushahidi. Sauti inakuja na makosa yake: gitaa limelegea uzi mmoja, mpiga ngoma amechelewa kuingia, mtu amekohoa. Mhariri wa video huficha hayo. Wa makala hujiuliza kwanza kama kosa hilo silo habari yenyewe.

Jambo la pili ni subira. Wahariri wa video wakija kwangu, mkono wao unakata kila sekunde mbili. Nawapa mahojiano ya saa nzima na kuwakataza kugusa kibodi hadi yaishe.

3. Lazima niwe mwanamuziki?

Hapana, ila sikio ni lazima. Ujue kuhesabu, ujue ubeti unaishia wapi na kiitikio kinaanzia wapi, na sauti ikiteleza nje ya ufunguo ushtuke. Jipime hivi: chukua rekodi yoyote ya Afrigo, bendi iliyoundwa mwaka 1975 na bado inapiga, funga macho, umweleze mwenzako saksafoni ya Moses Matovu inaingia wapi na gitaa la pili linafanya nini chini yake. Ukikwama, una wiki chache za kusikiliza kabla ya kununua chochote.

## Kuanza

4. Nisome wapi?

Makerere ina idara ya sanaa za maonyesho na filamu. Maisha Film Lab, iliyoanzishwa na mwongozaji wa filamu Mira Nair, imewafunza wengi wa Afrika Mashariki. Tamasha la Amakula lilianza 2004, na tamasha la filamu la Tume ya Mawasiliano, UCC, lilianza 2013. Nenda huko ukatazame filamu za wenzako na watazamaji wenyewe. Angalia ni wakati gani watu wanatoa simu.

Shule nyingine ipo mtaani, na naisema bila mzaha: vibanda vya video. VJ anayetafsiri filamu kwa Kiluganda papo hapo anajua jambo ambalo wahariri wengi hatulijui, yaani ni wakati gani anyamaze. Keti nyuma ya kibanda jioni mbili tatu, umsikilize anavyoipisha milio ya filamu ipite kabla hajatia neno.

5. Ninunue kompyuta gani, na programu gani?

Nunua kwanza vipokeasauti vizuri vya kuziba masikio, vya waya. Wengi huanza na kompyuta, wakamaliza pesa, kisha wanahariri muziki kwa spika za laptopu zisizotoa besi.

Kuhusu kompyuta, RAM isipungue GB 16, na kazi ikae kwenye diski ya SSD. Picha zikiwa nzito, tengeneza nakala nyepesi za kuhariria. Mwisho wa kazi unarudisha zile nzito. Programu: DaVinci Resolve ina toleo la bure linaloweza kumaliza filamu nzima. Premiere hulipiwa kwa dola kila mwezi, na mwezi usiokuwa na kazi dola hizo huuma. Avid utaikuta kwenye miradi mirefu ya nje. Programu za wizi achana nazo, kwa sababu siku ya kukabidhi kazi ndiyo siku huwa zinagoma.

6. Umeme ukikatika katikati ya kazi?

UPS ndogo, yaani kisanduku cha betri ya akiba, inakupa dakika za kuhifadhi na kuzima kwa heshima. Weka programu ijihifadhi yenyewe kila dakika tano. Basi.

Lakini umeme si adui mkubwa kama diski moja. Mwaka wangu wa pili niliweka filamu nzima kwenye diski ya nje, nikaitia kwenye begi la mgongoni, nikapanda boda. Kabalagala boda ikaruka tuta. Nilifika nyumbani, diski ikawa inatoa mlio kama saa ya ukutani: tik, tik, tik. Nyingi ya picha zilikuwa kwingine, ila mahojiano mawili hayakuwa popote, na mmoja wa wazee wale alikuwa amekwisha kufariki. Nilimpigia mwongozaji simu nikiwa nimesimama, sikuweza kukaa.

Tangu siku hiyo: nakala tatu, kwenye vifaa vya aina mbili, na moja ilale nyumba nyingine. Sianzi kuhariri kabla hazijatimia, hata mwongozaji akinisimamia kichwani.

7. Nitapataje kazi ya kwanza wakati kila mtu anataka mwenye uzoefu?

Kwa kuwa msaidizi. Kazi za kuoanisha sauti, kunukuu mahojiano na kupanga majina ya klipu hazigombewi na wengi, na humo ndimo unamoona mhariri mkubwa anatupa nini. Au tafuta kwaya ya kanisa au kikundi cha ngoma mtaani kwenu, utengeneze filamu ya dakika nane. Iwe nane kweli. Anayetafuta mhariri hatatazama arobaini.

## Mezani

8. Mbona sauti na picha haviendi pamoja?

Sababu ni tatu au nne, na kila moja ina dawa yake.

Ya kwanza ni kutopiga kibao mwanzoni, kile kinachogongwa mbele ya kamera ili mlio wake uoanishe sauti na picha. Hili halichagui maskini na tajiri. Mwaka 1972 Aretha Franklin alirekodi muziki wa injili kanisani Los Angeles, kamera zikiwa mkononi mwa kikosi cha Hollywood, na vibao havikupigwa. Filamu hiyo, Amazing Grace, ilikwama kwa ajili hiyo, kisha kwa ugomvi wa ruhusa, ikatoka 2018. Kama huna kibao, piga kofi moja mbele ya kamera zote.

Ya pili ni simu. Simu nyingi hupiga kwa kasi isiyotulia: hapa fremu 30 kwa sekunde, pale 27. Mwanzo wa wimbo midomo inalingana, mwisho imepotea. Zigeuze kwanza ziwe na kasi moja thabiti, ndipo uziingize kwenye taimulaini.

Ya tatu ni umbali, nayo huwaponyoka hata wazoefu. Sauti husafiri kama mita 340 kwa sekunde. Ukihariri kwa fremu 25, kila mita 13 au 14 kutoka spika ni fremu moja ya kuchelewa. Kamera iliyo mita 40 kutoka jukwaani pale Lugogo inasikia ngoma fremu tatu baada ya kijiti kutua. Sasa ukiiachia programu ioanishe kwa kulinganisha sauti ya kamera hiyo na sauti ya mashine ya jukwaani, itazilinganisha sauti vizuri kabisa, na picha itatangulia fremu tatu. Mtazamaji hatajua kosa liko wapi. Ataona tu mpiga ngoma kama anaigiza. Isogeze picha hiyo mbele kwa fremu tatu, yaani ichelewe, huku ukitazama kijiti, usitazame mchoro wa sauti.

9. Tupige picha kwa fremu 24, 25 au 30?

Uganda umeme wetu ni wa hezi 50, kwa hiyo 25, na kasi ya shata 1/50. Ukipiga kwa 30 chini ya taa za ukumbini, picha inaweza kupepesa, na hilo mezani haliondoki kwa urahisi. Mteja wa nje akitaka 24, mkubaliane kabla kamera hazijawashwa.

10. Nikate kwa mdundo?

Mdundo wa nani?

Nieleze kwa amadinda. Ni marimba ya Buganda: mbao kumi na mbili zilizolazwa juu ya vigogo vya migomba, na wapigaji watatu. Wa kwanza, omunazi, anaanza na mfululizo wake. Omwawuzi anakaa upande wa pili na kupenyeza mapigo yake katikati ya yale ya mwenzake, moja kwa moja. Wa tatu, omukoonezi, anashika mbao mbili za juu peke yake. Yakijumlishwa, mapigo hufika manane hadi kumi kwa sekunde, maana yake kila noti inaishi fremu mbili na nusu au tatu tu. Na kila mmoja wa wale wawili anausikia mdundo ukiwa kwenye mkono wake mwenyewe, huku masikio yako yakisikia nyimbo ndogondogo ambazo hakuna hata mmoja wao anayezipiga.

Mara yangu ya kwanza nilikata kwa mdundo niliousikia mimi. Nikajiona fundi. Mzee mmoja wa kikundi hicho akaja kutazama, akaketi kwenye kiti changu, akanyamaza dakika nzima. Kisha akasema, "Mwanangu, mbona mkono ninaouona sio mkono ninaousikia?" Nilikuwa nimemwonyesha omunazi karibu kila mara pigo la omwawuzi lilipolia. "Nisamehe, mzee," nikasema, nikafuta mikato yote. Katika filamu ile wimbo ule una mikato minne kwa dakika tatu, na mrefu kuliko yote unaonyesha mikono sita kwa pamoja kutoka juu.

Kwa muziki wa dansi kata unapotaka, ila epuka kukata juu ya kila pigo la kwanza, maana baada ya mara nne mtazamaji ameshajua la tano liko wapi. Mimi hupenda kukata pumzi ya mwimbaji inapoingia, kabla ya neno.

11. Wimbo nimwache aimbe kwa muda gani?

Inategemea wimbo unabeba nini. Kadongo kamu, muziki wa gitaa wa Kiganda, ni kisa. Mtunzi kama Paulo Kafeero angeweza kukusimulia jambo kwa zaidi ya dakika kumi, na ukikata ubeti wa nne, wa saba hauna maana tena. Hapo nina njia mbili: niuache kisa kizima kipite chini ya picha za maisha, au nimtumie mwenyewe mwimbaji asimulie kisa kwa maneno na nichukue ubeti mmoja tu. Kuchukua viitikio vitatu na kuvishona pamoja ni matangazo ya redio.

Kanuni yangu, na unaweza kuikataa: kila filamu iwe na wimbo mmoja usiokatwa na usiozungumzwa juu yake. Mfadhili ataulalamikia. Mpe sababu, usimpe wimbo.

12. Nitaharirije mahojiano ya lugha nisiyoijua?

Nina Kiswahili cha kambini nilikokulia, Kiluganda cha mjini, na Kiacholi cha kusalimia. Kwa hiyo mara nyingi mimi ni mgeni kwenye meza yangu mwenyewe. Dawa ni unukuzi wa neno kwa neno wenye muda, uliofanywa na mtu wa lugha hiyo, na mtu huyohuyo arudi akae nawe ukimaliza mkato wa kwanza. Programu za kunukuu zinajitahidi kwa Kiingereza. Kwa lugha zetu nyingi bado zinabahatisha, na methali huzigeuza uji.

Mashairi ya nyimbo yatafsiriwe na anayeimba au anayetunga. Maandishi ya chini yasizidi herufi 42 hivi kwa mstari. Kama tafsiri ni ndefu kuliko pumzi ya mwimbaji, fupisha tafsiri.

13. Nimepata kanda na filamu za zamani. Nizitumieje?

Kwanza zipo wapi: UBC, shirika la utangazaji la taifa, ilirithi mwaka 2005 yaliyokuwa ya televisheni na redio ya taifa. Makerere kuna hifadhi yenye jina la Klaus Wachsmann, aliyekuwa mtunzaji wa Jumba la Makumbusho la Uganda na aliyerekodi muziki wa nchi nzima miaka ya 1940 na 1950. Rekodi zile ni za kabla ya 1966, mwaka jeshi liliposhambulia Lubiri ya Mengo, ikulu ya Kabaka wa Buganda, na wanamuziki wake wakatawanyika, kwa hiyo kuna ngoma humo ambazo baadaye hazikusikika tena ikulu. Na usidharau masanduku ya majumbani. VHS za harusi zimeniokoa mara nyingi.

Pili, kasi. Filamu iliyopigwa kwa fremu 24 ikichezwa kwa 25 inakimbia asilimia 4, na sauti inapanda zaidi kidogo ya theluthi mbili ya nusutoni. Kwa mazungumzo hutaona. Kwa muziki, mwimbaji anageuka kijana na gitaa linatoka kwenye ufunguo wake. Mpigie simu mtu aliyekuwa kwenye bendi, muulize wimbo ulipigwa ufunguo gani, kisha rekebisha.

## Haki na pesa

14. Si nasikia sekunde chache za wimbo ni bure?

Hakuna sekunde za bure. Si 7, si 15, si 30. Sheria ya Hakimiliki na Haki Jirani ya 2006 haina kipimo hicho, na tungo inalindwa maisha yote ya mtunzi na miaka 50 baada ya kifo chake. Tungo za Kafeero, aliyefariki 2007, zina wenyewe mpaka 2057.

Unahitaji ruhusa mbili: ya utunzi, kwa mtunzi, warithi wake au chama cha kusimamia haki za watunzi kama UPRS, na ya rekodi, kwa aliyelipia studio. Wanaweza kuwa watu wawili wasiosalimiana. Ndiyo maana siku ya kwanza naomba orodha ya nyimbo zilizokubaliwa. Niliwahi kujenga filamu nzima juu ya wimbo mmoja, mwenye rekodi akakataa wiki ya mwisho. Kilichobaki kilikuwa kama nyumba iliyotolewa nguzo ya kati.

15. Wimbo wa asili je? Hauna mwenyewe.

Wimbo labda hauna mtunzi anayejulikana, lakini rekodi ina mwenyewe, na mpigaji unayemwonyesha ana haki zake kama mtumbuizaji. Pata sahihi yake, kwa karatasi aliyosomewa kwa lugha yake. Na mlipeni. Hilo halisubiri sheria.

16. Nilipishe vipi?

Hesabu wiki, usihesabu dakika za filamu. Mimi hutazama saa za picha ghafi kwanza ndipo nitaje bei, kwa kuwa filamu ya dakika 50 yenye saa 20 za picha na ile yenye saa 200 ni kazi mbili tofauti. Malipo nayagawa matatu: kabla ya kuanza, baada ya mkato wa kwanza, na kabla ya kutoa faili safi lisilo na nembo ya majaribio. Idadi ya marekebisho iandikwe. Zamani sikuiandika, na mteja mmoja alinirudisha mezani mara kumi na tisa, akanitumia nauli kwa simu mara moja.

Ukilipwa na taasisi iliyopewa na URA, mamlaka ya mapato, jukumu la kukata kodi, na malipo yanazidi shilingi milioni 1, tarajia ikate asilimia 6. Dai cheti chake, kwa sababu kiasi hicho kinahesabiwa kwenye kodi yako ya mwaka.

## Mambo magumu

17. Msanii anataka sehemu fulani itolewe. Nimsikilize nani?

Anayekulipa ni mtayarishaji, anayeamua ni mwongozaji. Lakini wewe ndiye umeutazama uso wa mtu huyo kwa miezi, na mara nyingine ndiye unayejua kama anachoomba kufichwa ni aibu tu au ni hatari. Sema mapema, kabla picha haijafungwa.

Mwimbaji Philly Lutaaya alipotangaza mwaka 1989 kwamba anaishi na virusi vya ukimwi, aliruhusu kamera zimfuate akiwa mgonjwa, na akafariki Desemba mwaka huohuo. Ile ilikuwa hiari yake, akiwa na akili timamu, na alijua kwa nini. Mgonjwa asiyejua kamera inawaka ni jambo jingine. Niliwahi kukuta klipu ya namna hiyo na nikaifuta mbele ya mwongozaji, nakala zote tatu. Alinuna siku mbili.

18. Na muziki ukigusa siasa?

Filamu kuhusu Bobi Wine, mwanamuziki aliyeingia siasa za upinzani, ilifika kuwania Oscar mwaka 2024, kwa hiyo usiamini anayekwambia hayo hayagusiki. Ila nakala moja ikae mbali na ofisi, diski ziwe na nywila, na majina ya faili yasimtaje mtu. Wahojiwa waulizwe tena kabla filamu haijatoka, maana aliyekubali mwaka juzi huenda leo ana watoto shuleni.

19. Lazima nihamie Kampala?

La. Kuna mhariri Arua ninayefanya naye kazi: mimi ninazo picha nzito, yeye ana nakala nyepesi, tunatumiana faili la mradi tu, ambalo ni dogo kuliko picha moja ya simu. Diski husafiri kwa basi, ndani ya kitu laini, na nakala imebaki (tazama swali la 6). Moja kutoka Gulu ilinijia ndani ya gunia la simsim. Ilifika nzima, nikaipuliza kwanza ndipo nikaichomeka.